Kubuni Mti wa Ajabu: Mwongozo kwa Waandishi wa Hadithi za Kufikirika wa Nyanda za Juu Kusini

Kuutaja mti wa ajabu ni kazi nyepesi. Kuusimamisha mpaka msomaji akione kivuli chake ndiyo kazi yenyewe. Katika hadithi nyingi za waandishi wanaoanza, mti huo uko kileleni mwa mlima, unang'aa usiku, tunda lake linaponya kila ugonjwa, na umekaa pale miaka elfu ukimngoja shujaa aje kulichuma. Kasoro yake si kwamba hauwezekani, maana msomaji alikwisha kulikubali jambo hilo alipofungua kitabu. Kasoro yake ni kwamba hauhitaji chochote: hauna kiu, hauna jirani, haumkeri mtu, na shujaa asipofika hakuna kitakachoharibika. Mwongozo huu unaeleza njia nyingine, kwa kutumia ardhi, mimea na shughuli za watu kuanzia Iringa na Mufindi hadi Njombe, Makete, Rungwe na Mbeya, na mti mmoja wa mfano utajengwa humu tangu mbegu hadi kufa kwake.

Anza na njaa yake

Kabla ya kuandika mti unatoa nini, andika unakula nini. Miti halisi inalionyesha jambo hili vizuri. Baadhi ya miti ya jamii ya mkuyu huanza maisha kwenye tagaa la mti mwingine, mahali ambapo ndege alidondosha mbegu. Mizizi hushuka taratibu hadi ardhini, hunenepa, humzunguka mwenyeji na kumkaba, na baada ya miaka mingi mwenyeji huoza, ukabaki mkuyu umesimama peke yake ukiwa na uwazi katikati. Mwanzi wa ulanzi, ambao hakuna mkazi wa Iringa asiyeujua, hutoa utomvu wake wakati wa mvua, chipukizi linapokatwa ncha, na mgema hulazimika kurudi asubuhi na jioni kuondoa kipande chembamba ili kidonda kisizibe. Asiporudi, kinywaji hakuna. Katika mifano yote miwili hamna uchawi, lakini mna mahitaji, mna majira, na yupo anayelipa.

Mti wetu wa mfano tuuite mlabaridi. Chakula chake ni baridi. Mkulima wa viazi mviringo wa Makete au Umalila hahitaji maelezo marefu kuhusu adui huyo: kati ya Juni na Agosti, katika usiku usio na mawingu wala upepo, ardhi hupoteza joto lake upesi, jalidi hutanda juu ya majani, na jua likichomoza shamba zima linaonekana kuwa limeungua. Shamba lililo jirani na mlabaridi haliungui, kwa sababu mti huila baridi hiyo kabla haijatua. Hiyo ndiyo zawadi, na mwandishi mwenye haraka angeishia hapo.

Sasa uliza: mwaka ambao kipupwe ni hafifu, mti unakula nini? Mlabaridi wenye njaa hutafuta ubaridi popote ulipo. Maji ya chemchemi huwa vuguvugu, maziwa huchacha kabla ya adhuhuri, na mgonjwa wa homa aliyelala nyumba ya karibu hapoi mwili hata usiku wa manane, maana ule ubaridi ambao ungemshushia homa umekwisha kunyonywa. Mti haukukusudia ubaya, unakula tu. Naona kitisho cha namna hii kina nguvu kuliko cha mti wenye macho mekundu na sauti nzito, kwa kuwa kinatoka katika sifa ileile iliyowafanya watu waupende.

Uliza pia ni nani mwingine anayeihitaji baridi hiyo. Mitufaha, ambayo siku hizi hulimwa Makete na Njombe, huhitaji kipindi cha baridi ya kutosha ili macho yake yaamke na kuchanua vizuri. Mahali ambapo mlabaridi umekula kipupwe chote, mitufaha itatoa majani ya kuvutia na maua ya kuhesabika. Mwenye viazi anataka mti uishi, mwenye matufaha anataka ukatwe, na wote wawili wana haki. Umekwisha kupata mgogoro wa hadithi nzima bila kumleta mfalme mwovu.

Uupe mwili unaochunguzika

Wasomaji wengi wa nyanda hizi wamekua mashambani, na mti wako wataukagua. Watataka kujua gamba lake likoje, jani lake linaanguka lini, mbegu yake inasafirije. Usiogope maswali hayo, kwa sababu majibu yake ndiyo yanayozaa matukio.

Njia ninayoipendekeza ni kukusanya sifa za miti halisi kisha kuzigeuza au kuzizidisha. Mninga ukikatwa hutoa utomvu mwekundu unaofanana sana na damu. Miti mingi ya miombo huchipua majani mapya mekundu na ya rangi ya shaba kabla mvua za kwanza hazijanyesha, wakati ardhi bado ni kavu kabisa. Mbuyu huhifadhi maji mengi katika shina lake laini, hupukutisha majani wakati wa kiangazi, na maua yake hufunguka usiku, yakatembelewa na popo. Mibuyu kadhaa ya Afrika imepimwa na kukutwa na umri unaozidi miaka 1,000. Huko Kilimanjaro, kwenye miinuko ambayo kila usiku ni wa baridi kali, ipo mimea mirefu ya jamii ya Dendrosenecio ambayo hufunga majani yake jua linapotua ili kukinga chipukizi la katikati, na ambayo haidondoshi majani makavu bali huyaacha yakilizunguka shina kama blanketi.

Mlabaridi nimeutengeneza kutokana na sifa hizo. Kwa kuwa unaitaka baridi, unafanya kinyume cha mmea wa Kilimanjaro: majani yake hufunguka usiku na kufumba mchana, hivyo mgeni akipita saa sita za mchana huona mti uliojikunyata, usio na hata kivuli cha kukalia. Shina lake ni laini na nene mithili ya la mbuyu, kwa maana linalazimika kuhifadhi akiba ya kipupwe. Kutoka kwenye miombo nimechukua rangi: ncha za majani huanza kuwa nyekundu mti unapoona njaa, na watoto wa kijijini hujifunza kuisoma rangi hiyo kabla hawajajua kuhesabu.

Mbao zake haziwaki. Mchoma mkaa asiyezijua akizipanga katika tanuri lake, moto unazimika na kuni za kawaida zilizochanganywa humo zinaharibika, jambo ambalo linamwudhi kuliko kumwogofya. Lakini kipande chake kikitumbukizwa katika ndoo ya maziwa, maziwa hayachachi kwa siku kadhaa. Hapo thamani ya sokoni imezaliwa, na penye thamani ya sokoni patakuwa na mwizi, dalali na njia ya magendo.

Suala la mbegu waandishi wengi hulipita, nami nashauri likaliwe kwa muda mrefu kuliko mengine yote ya mwili. Mti usioweza kuzaa ni sanamu. Popo wanaochavusha maua, ndege wanaomeza matunda, moto unaopasua ganda, maji yanayobeba kokwa: kila njia ya uenezaji inafungua hadithi tofauti. Mbegu ya mlabaridi huota mahali pamoja tu, nayo ni katika jivu la jiko lililozimika kwa sababu wenyewe wamehama. Kwa hiyo kila mlabaridi unasimama katika mahame. Nchi hii ina mahame ya kila aina, yakiwemo ya Vita vya Majimaji vya 1905 hadi 1907, vilivyofika Ungoni na Ubena, na ya Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970, ambayo iliwaondoa watu wengi kwenye makazi yao ya asili na kuwakusanya katika vijiji vipya. Si lazima uyataje matukio hayo katika nchi yako ya kufikirika. Inatosha kwamba mti unaowakinga wenye viazi leo umeota juu ya jiko la watu wengine, na kwamba wajukuu wa watu hao wanakumbuka jiko lilikuwa wapi.

Mahali pake

Kilele cha mlima ndipo mahali pa kwanza panapomjia mwandishi, na mara nyingi si mahali pake. Fuata chakula cha mti. Hewa ya baridi ni nzito kuliko hewa ya joto, kwa hiyo katika usiku mtulivu huteremka miteremko na kutuama kwenye mabonde na mabwawa ya nyasi. Ndiyo sababu jalidi huweza kuunguza viazi vya bondeni na kuviacha vya mlimani juu yake vikiwa vizima. Mlabaridi basi utaota chini, katika bonde la uwanda wa juu, na shujaa wako atalazimika kushuka kuufikia badala ya kupanda.

Kwa mfano wa mandhari, uwanda wa Kitulo unafaa sana. Upo kwenye kimo cha mita 2,600 hivi, nyasi zimetawala na miti ni michache, na wakati wa mvua hujaa maua kiasi cha kuitwa Bustani ya Mungu. Ilipotangazwa kuwa hifadhi ya taifa mwaka 2005, sababu mojawapo ilikuwa kuyalinda maua ya okidi, ambayo aina zake huko ni zaidi ya 40. Viazi vya ardhini vya okidi hizo vilikuwa vikichimbwa kwa wingi na kuvushwa kwenda Zambia, ambako hupondwa pamoja na karanga kutengeneza chakula kiitwacho chikanda. Mwandishi anayetaka kujua magendo ya mmea yanavyoendeshwa hana haja ya kubuni kutoka hewani: yupo mchimbaji maskini anayeijua nyasi kwa macho, yupo mnunuzi wa kijijini, yupo mwenye gari, na yupo mlaji wa mbali asiyejua uwanda ulikotoka unabaki na nini.

Mimea usiihamishe ovyo. Mbuyu ni mti wa nchi ya joto; utaukuta katika bonde la Ruaha, na hautauona Makete. Ukiuweka mbuyu katikati ya jalidi bila sababu, msomaji wa Njombe atacheka pale usipotaka acheke. Lakini ukiuweka kwa makusudi, karibu na mlabaridi, ukieleza kwamba hilo ndilo bonde pekee la uwandani ambalo baridi haijagusa kwa vizazi vingi, mbuyu huohuo unakuwa ushahidi wa jambo lisiloonekana, na huhitaji kuandika sentensi hata moja kuhusu uchawi.

Kuhusu usiri: kama mti wako haupaswi kujulikana na watawala, usiufiche kwa ukungu wa kimiujiza. Nyani aitwaye kipunji, anayeishi katika misitu ya Rungwe na Livingstone na pia katika msitu wa Ndundulu huko Udzungwa, aliingia katika maandishi ya sayansi mwaka 2005, ilhali wawindaji wa Kinyakyusa walikuwa wakimtaja kwa jina lake. Kitu kinaweza kuwa siri kwa ofisi na kuwa habari ya kila siku kwa wanaokaa nacho. Hivyo ndivyo vitu vingi vinavyofichika hapa kwetu.

Watu wanaoishi nao

Chora duara. Mlabaridi mmoja uliokomaa hukinga eneo ambalo mtu akiita kutoka shinani sauti yake inasikika, na zaidi ya hapo jalidi linaunguza kama kawaida. Nimependelea kipimo cha sauti kuliko cha hatua au ekari, kwa kuwa kinaleta ubishi: nani aliita, siku hiyo upepo ulikuwaje, na je, bibi mwenye shamba la mpakani anasikia vizuri? Ndani ya duara, kodi ya shamba hupanda. Mchuuzi anayenunua viazi kwa lumbesa anajua kwamba mwaka wa jalidi kali atavipata humo tu, na mkulima wa humo naye analijua hilo.

Halafu amua ni nani anayeusimamia. Sheria ya Misitu ya Tanzania ya mwaka 2002 inatambua misitu ya hifadhi ya vijiji, na vijiji vingi vya nyanda hizi vina kamati za maliasili zenye sheria ndogo, faini na migogoro yao. Nchi yako ya kufikirika inaweza kuwa na kamati ya namna hiyo, yenye mwenyekiti, mweka hazina na mjumbe ambaye kila kikao huuliza fedha za mwaka jana zilikwenda wapi. Wapo wanaodhani kwamba mambo ya vikao yanaua ajabu. Mimi nadhani yanaipa ajabu uzito, kwa sababu mti unaoandikiwa muhtasari umekwisha kuaminika.

Mti pia unahitaji kauli zinazopingana juu yake. Wazee watasema ni wa mababu, wakulima watasema ni wa kijiji, wenye mahame watasema ni wao, na mganga atasema yeye ndiye aliyeupanda, jambo ambalo kila mtu anajua kuwa si kweli lakini hakuna anayethubutu kumwambia. Usiamue haraka nani ni mkweli.

Tahadhari kuhusu miti mitakatifu

Nyanda hizi na jirani zake zina miti na vichaka ambavyo kwa watu si hadithi. Kichaka cha Lubaga katika nchi ya Wanyakyusa kilihusishwa na Lwembe, mtawala aliyeaminiwa kuwa na nguvu juu ya mvua na rutuba. Karibu na Ziwa Katavi upo mkwaju unaoaminika kuwa makao ya roho ya mwindaji Katabi, na watu huuwekea sadaka. Jifunze kutoka kwa mahali pa namna hiyo jinsi heshima inavyojengwa: nani anaruhusiwa kuingia, anaingia na nini, anavua nini, asiseme nini. Lakini usilichukue jina la kichaka kilicho hai ukalitia katika kisa chako cha majini na mapanga, wala usiandike maneno ya tambiko uliloruhusiwa kulihudhuria kama mgeni. Buni jina, buni mwiko, na hakikisha mwiko huo unatokana na tabia ya mti. Kwa mlabaridi, mwiko wa kwanza ni kutowasha moto shinani, na sababu yake inaeleweka hata kwa mtoto.

Kuuingiza katika hadithi

Onyesha athari kabla ya mti. Msomaji akikutana kwanza na maziwa yaliyochacha, kisha na maji ya vuguvugu, kisha na ncha nyekundu za majani, atakuwa amelijua tatizo kabla mhusika yeyote hajalieleza. Tazama kipande hiki, ambamo mchuuzi amefika nyumbani kwa mwanamke mzee:

"Kamwene, mama."

"Kamwene. Karibu, mwanangu. Kaa hapo, nikupe maji."

Akanywa funda moja, akakishusha kikombe. "Mama, mmeyachemsha?"

"Yametoka kisimani sasa hivi," alisema mwanamke, akiangalia pembeni. "Tangu juzi yanakuja hivyo. Kunywa tu. Na kama una mtoto mgonjwa huko utokako, usimlete huku mwezi huu."

Mti haukutajwa. Mchuuzi hajui kitu, mwenyeji anajua na anaona aibu, na onyo limetolewa kwa namna ambayo mtu mzima wa hapa hutoa onyo. Ukiona umeandika aya nzima ya kueleza historia ya mti kabla ya mazungumzo ya namna hii, ihamishe au ifute. Maelezo mengi uliyoyafanyia kazi katika mwili na mahali hayatatokea kitabuni kabisa, nayo bado yatakuwa yamefanya kazi yake.

Amua mapema unavyokufa

Usingoje kufika sura ya mwisho ndipo uamue kitakachotokea mti ukikatwa, kwa maana uamuzi huo unagusa kila kitu kilichotangulia. Mlabaridi una akiba ya vipupwe vingi ndani ya shina. Ukikauka wenyewe kwa uzee, akiba hiyo hutoka kidogo kidogo, na kwa miaka mingi bonde huwa na jalidi hata mwezi wa Desemba, wakati mahindi yanapaswa kuwa yanapanda juu. Ukikatwa kwa shoka, baridi yote hutoka kwa usiku mmoja na kufuata njia ya hewa nzito, yaani inateremka. Wenye matufaha walioukata wako mteremkoni, juu ya bonde, na hawatapata madhara makubwa. Watakaoipokea ni watu wa kijiji cha chini zaidi, wanaolima migomba na parachichi, ambao hawakuwahi kuuona mlabaridi wala kusikia habari za kamati. Andika orodha ya mimea, mifugo na watu walio kwenye njia hiyo ya hewa, kuanzia shinani hadi mahali baridi itakapoisha nguvu, na uwape majina wote utakaowahitaji kabla hujaandika sura ya kwanza.